Uvumi Bila Mvumishaji: Uhakiki wa Istilahi za Upotoshaji kwa Mfano wa Cibitoke, Bujumbura, 2015

Tafiti nyingi kuhusu kampeni za upotoshaji za kiwango cha taifa huanza kwa kuhesabu uongo: akaunti bandia zilizoendeshwa kutoka St Petersburg wakati wa uchaguzi wa Marekani wa 2016, au kazi ya Cambridge Analytica katika kampeni za Kenya. Mkabala huo hupima kilichosemwa, haupimi kilichonyamazishwa. Cibitoke, mtaa wa kaskazini mwa Bujumbura, unadhihirisha upungufu huo.

Mtaa huo ulikuwa miongoni mwa vitovu vya maandamano yaliyoanza tarehe 26 Aprili 2015 kupinga muhula wa tatu wa Rais Pierre Nkurunziza. Siku iliyofuata RPA ilifungwa. Punde, mitandao ya kijamii nayo ikabanwa kwenye simu. Tarehe 13 Mei, Jenerali Godefroid Niyombare alitangaza kupitia redio binafsi kwamba rais ameondolewa, huku Ikulu ikikanusha kwenye Twitter. Kufikia siku ya pili, RPA, Bonesha, Isanganiro, Renaissance na hata Rema FM, iliyoiunga mkono serikali, zilikuwa zimeshambuliwa. Redio ya taifa ikabaki karibu peke yake.

Yaliyosemwa mitaani baada ya hapo huitwa *ibihuha* kwa Kirundi, na kwa Kiswahili *uvumi*. Istilahi hii si salama. Kitenzi *vuma* hakidai mtendaji anayekusudia: upepo huvuma, ngoma huvuma. *Upotoshaji*, kinyume chake, hutokana na *potosha*, kitenzi cha usababishi. Lazima awepo aliyepotosha. Mtafiti anapoandika kwamba Cibitoke ilijaa uvumi, sarufi yenyewe humwondolea lawama aliyeharibu njia za uthibitisho na kumtwika mkazi aliyekosa pa kuuliza.

Athari zake zilionekana Desemba 2015. Baada ya kambi za kijeshi kushambuliwa tarehe 11, jeshi lilitangaza vifo 87, vikiwemo vya wanajeshi na polisi 8. Waliobaki liliwaita maadui. Januari 2016, Zeid Ra'ad Al Hussein, Kamishna Mkuu wa Haki za Binadamu wa Umoja wa Mataifa, alieleza ushahidi wa mauaji na ubakaji wakati wa misako ya nyumba kwa nyumba Cibitoke, Musaga, Nyakabiga, Ngagara na Mutakura. Kwa wiki kadhaa, basi, neno *adui* lilitangulia uchunguzi, na maneno ya jirani wa marehemu yakahesabiwa uvumi tu.

Yaweza kupingwa kwamba redio nayo huua, kama RTLM ilivyochochea mauaji ya kimbari Rwanda mwaka 1994. Pingamizi hilo lina uzito. Hata hivyo, halihalalishi ukimya. Linaonya dhidi ya sauti isiyo na wa kuikosoa.

Isanganiro na Rema FM ziliruhusiwa kurejea hewani Februari 2016. Mei 2018, kabla ya kura ya maoni kuhusu katiba, BBC na VOA zilisimamishwa kwa miezi sita. Mshauri wa sera anayependekeza sheria dhidi ya uvumi hana budi kujibu kwanza swali moja: mkazi wa Cibitoke anayesikia milio ya risasi usiku, asubuhi atamuuliza nani? Pasipo jibu, sheria hiyo itaadhibu njaa huku ghala likiwa limefungwa.