Kipimo cha Uwanja: Sanaa ya Amandina Lihamba

Katika nchi ya Wasukuma, mavuno yakiisha kuingia ghalani, makundi mawili ya ngoma, Bagika na Bagalu, huchezea uwanja mmoja kwa wakati mmoja. Watazamaji huhama toka upande huu kwenda upande wa pili, na kundi lililovuta watu wengi ndilo lililoshinda. Kipimo hiki ni kikali, lakini ni cha haki. Na kwa kipimo hicho yafaa kuitazama kazi ya Amandina Lihamba, mwigizaji wa jukwaani na wa filamu.

Lihamba alizaliwa Morogoro mwaka 1944, akawa mwalimu wa sanaa za maonyesho katika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Mwaka 1980 ilitoka tamthilia yake *Hawala ya Fedha*, iliyotokana na kisa cha Sembene Ousmane wa Senegali; mwaka 1985 alipata udaktari katika Chuo Kikuu cha Leeds. Hayo yangetosha kumpa mtu heshima. Lakini watazamaji wa jukwaa la chuo mara nyingi huwa wamekwisha kuukubali mchezo kabla haujaanza.

Mwanzoni mwa miaka ya 1980, yeye na Penina Mlama na Eberhard Chambulikazi walikwenda Malya, wilayani Kwimba, kijiji kilicho kando ya reli itokayo Shinyanga kwenda Mwanza. Hawakupeleka mchezo uliokwisha kuandikwa. Waliwauliza wanakijiji shida zao, nayo mimba za wasichana wa shule ikawa mojawapo. Kisha wanakijiji wenyewe wakaiigiza kwa ngoma na nyimbo zao, na kuijadili hadharani. Kazi ya namna hii humtaka mwigizaji stadi jambo zito kuliko yote, yaani kumwachia mwingine uwanja. Mwaka 1996 fikra hiyo ilizaa mradi wa Tuseme, ulioanzishwa na Lihamba na Mlama ili wasichana wa sekondari wayatamke matatizo yao kwa maigizo.

Huyu aliyewafundisha wengine kusema, katika filamu alisifika kwa kunyamaza. Katika *Maangamizi* ya mwaka 2001, iliyoongozwa na Martin Mhando na Ron Mulvihill, na ambayo ilikuwa ya kwanza kuiwakilisha Tanzania kuwania tuzo ya Oscar, yeye ni Samehe, mgonjwa wa hospitali ya akili aliyefunga kinywa kwa miaka mingi. Mwigizaji aliyenyimwa maneno hana pa kujificha. Uzito wote humwelemea usoni. Na anayemlinda Samehe ni bibi kizee wa mizimu.

Jambo hili lina uzito wake Shinyanga na Geita, ambako vikongwe wameuawa kwa kudhaniwa wachawi, pengine kwa sababu tu macho yao yamekuwa mekundu kwa moshi wa kuni za miaka mingi. Filamu inampa bibi kizee cheo cha mponyaji. Hata hivyo ina kasoro: daktari kutoka Marekani ndiye anayemshika mtazamaji mkono, kana kwamba bibi hawezi kuaminika mpaka mgeni amwamini kwanza. Bibi wa Shinyanga hauawi kwa kukosa kuaminiwa na mgeni. Huuawa kwa kuogopwa na jirani, au na mwanawe.

Kwa hiyo, ijapokuwa *Maangamizi* ilimpeleka mbali, Malya inampita kwa uzito. Novemba 2021 Serikali ilitangaza kwamba wasichana waliojifungua waweze kurudi shuleni. Neno hilo lilikuwa limekwisha kujadiliwa uwanjani kijijini, karibu miaka 40 kabla. Wala haidhuru kwamba sanaa haikuleta amri hiyo. Kazi yake ni kuwafanya watu wahame upande mmoja kwenda upande wa pili, na kuhama huko huanza kwa miguu ya mtu mmoja mmoja.