Watu 60, Masinia 12

Harusi ndogo inataka fundi kuliko harusi kubwa. Kwenye ukumbi wa watu 500, chakula kikipungua meza za nyuma, meza za mbele hazina habari. Mgeni aliyekosa kiti anamezwa na muziki, na kesho hakuna atakayemuuliza kama alikula. Uani, kwa watu 60, kila mtu anamwona mwenzake. Sinia likipungua, limepungua mbele ya mkwe. Ndiyo maana nawastahi sana wale kina mama wa Pwani wanaoweza kuisimamia shughuli ya nyumbani kuanzia orodha ya majina mpaka sufuria la mwisho kuoshwa, pasiwe na mgeni aliyeondoka na njaa wala mwenye nyumba aliyebaki na deni.

Nilibahatika kumwangalia mmoja wao akipanga nikaha ya mtoto wa dada yake, hapa Dar es Salaam, Magomeni. Alikaa jamvini na daftari la shule, na siku hiyo ya kwanza hakutaka kusikia habari ya fedha. Alitaka majina. Bibi harusi alitaja zaidi ya mia. Mama mdogo wake hakumkatiza, aliandika yote, akageuza ukurasa, kisha wakayapitia moja moja kwa swali lile lile: "Tukifiwa usiku huu, huyu anakuja kabla hajaitwa?" Majina yakapukutika. Bosi wa zamani akatoka. Mama muuza maandazi wa mtaani, ambaye hakuwa amekumbukwa kabisa, akaingia. Walipomaliza walikuwa na watu 60, na hapakuwa na hata mmoja kati yao ambaye binti angehitaji kuelezwa ni nani.

Sijapata kuona kipimo kizuri kuliko hicho. Wengi wetu huanza na ukumbi: tunalipia nafasi ya watu 300, halafu tunahangaika kuwatafuta hao 300.

Tunasema shughuli ni watu, na ni kweli. Kamati zetu za harusi zimezaliwa na ukweli huo. Kuchangiana ni jambo la heshima: leo nimemshika mkono mwenzangu, kesho atanishika mimi, na wapo wengi ambao bila kadi za mchango wasingeweza kuwapa wageni wao hata maji ya kunywa. Lakini tazama hesabu inavyokwenda. Aliyechanga lazima aalikwe. Aliyealikwa lazima alishwe, akalishwe kwenye kiti kilichovikwa kitambaa, apewe na kinywaji. Basi ukumbi unatafutwa mkubwa zaidi, bajeti inapanda, na bajeti ikipanda zinachapishwa kadi nyingine. Vikao vikifika mwezi wa tatu, maharusi wamekuwa wageni katika shughuli yao wenyewe, na madeni ya ahadi ambazo hazikulipwa yanawasubiri mlangoni siku wanayoanza maisha. Hili linaniuma. Kitanda, jiko na kodi ya nyumba ya miezi kadhaa vingepatikana kwa fedha ya mapambo ya usiku mmoja.

Kinachotakiwa hasa ni kidogo. Nikaha inataka walii, mashahidi wawili, mahari, na kauli ya kuoza na ya kukubali. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, huku Bara, inataka taarifa ya nia itolewe siku 21 kabla, na mashahidi wasiopungua wawili. Mtume alimwambia Abdurrahman bin Auf afanye walima, karamu ya ndoa, japo kwa mbuzi mmoja. Yaliyobaki tumeyaongeza wenyewe, na tuna haki ya kuyapunguza. Ila chakula hakina mzaha. Kule Kana ya Galilaya divai iliisha karamu ikiendelea, na hofu hiyo ingali inawakosesha usingizi wenye shughuli mpaka leo.

Baada ya majina, mama mdogo alichagua saa, na hapo ndipo nilipomkubali. Saa ya shughuli huamua gharama kuliko rangi za mapambo au idadi ya magari. Alipanga nikaha saa 4 asubuhi, na watu wale chakula baada ya swala ya adhuhuri. Hakuhitaji taa wala jenereta. Hakuhitaji vitafunio vya kuwatuliza wageni njaa huku maharusi wakipigwa picha ufukweni hadi usiku. Alinieleza kwamba mwenye uwezo mdogo zaidi afungishe ndoa baada ya alasiri, awape watu kahawa, haluwa, visheti na sambusa, na hakuna atakayeulizia pilau, maana si wakati wake.

Kisha akashuka kwenye hesabu. Sinia moja watu 5, kwa hiyo masinia 12. Kilo moja ya mchele watu 6, kwa hiyo kilo 10, na nyama kilo kwa kilo. Soda kreti 3. Kila kreti ina chupa 24, basi zinabaki 12 za wapishi na za watoto wanaochungulia mlangoni. Sare zilikuwa kanga, kila doti ikagawanywa kwa kina mama wawili, bila fundi cherehani na bila vitambaa vya kung'aa ambavyo havivaliwi tena. Kila mstari wa daftari ulikuwa na jina la mtu pembeni: nani ananunua, nani anabeba, nani anarudisha vyombo vya kuazima.

Mpishi aliwasha kuni alfajiri. Vitunguu alivikaanga bila haraka mpaka vikawa vya kahawia iliyokolea, vikikaribia kuungua, kwa sababu rangi ya pilau inatoka hapo na hakuna kiungo kitakachokuja kuirekebisha. Vikafuata kitunguu saumu na tangawizi, bizari nzima, iliki, mdalasini, pilipili manga na karafuu chache, kisha nyama na supu yake. Mchele uliokwisha kurowekwa ukaingia. Maji yalipokaribia kukauka akaondoa kuni, akafunika, akapalia makaa juu ya mfuniko, akapiga marufuku mtu yeyote kufunua. Akavuta kigoda, akakaa hapo hapo. Kwa kilo 10 mpishi anaweza kukaa na sufuria lake namna ile. Kwa kilo 100 anakuwa msimamizi wa vibarua, na wageni wanakula kazi ya vibarua.

Hata muziki unajua kupimwa. Unguja, mbali na taarabu ya makundi makubwa yenye fidla kadhaa, kanuni na akodioni, kuna kidumbaki: fidla moja, sanduku la uzi mmoja linalotoa besi, ngoma mbili ndogo, mkwasa, cherewa na mwimbaji. Kundi zima linaenea kwenye kona ya ua, na kina mama wanacheza hadi jua linazama. Magomeni tulikuwa na dufu na vigelegele, vikatutosha.

Kazi ngumu kuliko zote ni ya wale walioachwa nje ya orodha, na wapangaji wengi huikimbia. Mama mdogo hakuikimbia. Mara tu pilau ilipopakuliwa, kabla wageni hawajanawa mikono, masinia madogo yaliyofunikwa kawa yalitoka mlangoni: kwa majirani wa pande zote mbili, kwa babu asiyeweza tena kutembea, kwa imamu wa mtaa. Juma lililofuata maharusi walizunguka na haluwa mkononi, kwa daladala na kwa miguu, kuwaamkia wazee ambao hawakuwepo. Mjomba mmoja alikuwa amenuna kweli kweli. Bibi harusi alimpa shikamoo sebuleni kwake, wakaketi, wakazungumza habari za marehemu mama yake hadi chai ikapoa. Ukumbini mjomba yule angepungiwa mkono kutoka jukwaani, basi.

Kwa hiyo nakuomba wewe mwenye kijana anayetarajia kuoa, au binti anayetarajia kuolewa: kabla hujaitisha kikao cha kwanza, na kabla hujalipa kianzio cha ukumbi, mtafute mama wa namna hii katika ukoo wenu. Hakosekani. Kaeni naye na daftari, mwanze na majina. Na shughuli ikiisha, mlipeni fedha taslimu kama mnavyomlipa mpambaji na mpiga picha, kwa sababu yeye ndiye aliyewafanyia harusi.