Urithi wa Kamera

Jordan Riber alikulia katika nyumba ya filamu: babaye, John, ndiye aliyeongoza Yellow Card (2000) nchini Zimbabwe, mamaye, Louise, ni mhariri wa filamu. Sinema ya nyumba hiyo ilikusudia kufunza, na mafunzo aghalabu huielemea hadithi. Katika tamthilia ya Siri ya Mtungi (2012) mwana ameupunguza mzigo huo: Cheche, mpiga picha kijana wa Bagamoyo, twamjua kwa tamaa na udhaifu wake kabla ya nasaha yoyote. Hapo namsifu. Lakini je, mkulima wa mpunga wa Kyela, mwenye Kinyakyusa nyumbani na Ziwa Nyasa mbele yake, hucheka pale tuchekapo sisi wa pwani? Mashaka ya Cheche atayaelewa. Utani wetu, sina yakini.