Mama Katikati ya Mgomo: Uhakiki wa Filamu Bubu ya Pudovkin

Wahakiki wengi huwagawa wahusika wa fasihi ya umma katika makundi mawili: walioamka na waliolala. Filamu bubu ya Vsevolod Pudovkin, Mat (yaani Mama), iliyotolewa mwaka 1926 kutokana na riwaya ya Maxim Gorky, yatuonyesha kwamba mgawanyo huo hautoshi.

Kisa chatokea Urusi wakati wa mapinduzi ya 1905 yaliyoshindwa. Baba, mlevi, anatumiwa kuuvunja mgomo wa kiwanda na kuuawa katika ghasia. Mwanawe, Pavel, yuko pamoja na wagomaji. Mama anabaki katikati. Akiamini kwamba ukweli utamwokoa mwanawe, anawatolea askari silaha zilizofichwa chini ya sakafu. Pavel anahukumiwa kazi ngumu.

Kosa la mama huyu si usaliti. Ameidhania sheria kuwa na huruma ya mzazi. Pudovkin hamdhihaki, anamwacha Vera Baranovskaya aigize kwa macho na mikono, bila makuu.

Kwa upande wa fani, sifa ya filamu hii ni uunganishaji wa picha. Pavel anapopata gerezani habari ya kutoroshwa, furaha yake haionyeshwi kwa uso mzima, bali kwa mikono, midomo, maji ya kijito na mtoto anayecheka. Ukosefu wa sauti umekuwa nyenzo ya usanii.

Hata hivyo, mwisho wake una walakini. Pavel anapigwa risasi. Mama anainua bendera na kukanyagwa na farasi wa askari. Katika riwaya, mama anakamatwa huku akiuhutubia umati. Filamu imemkuza kwa kumnyamazisha: mtu mwenye hoja amegeuka sanamu.

Hoja hii yatuhusu sisi wa Lubumbashi. Tarehe 9 Desemba 1941, askari waliwafyatulia risasi wafanyakazi wa Union Minière waliogoma hapa mjini, uliokuwa ukiitwa Élisabethville. Miongoni mwa waliouawa ni kiongozi wao, Léonard Mpoyi. Katika miaka ya 1970 Tshibumba Kanda Matulu aliliweka tukio hilo katika michoro yake ya historia. Kabla yake, mwaka 1965, André Yav aliandika kwa Kiswahili cha hapa historia ya mji kama walivyoiona maboyi. Watu wa kawaida, basi, wamekwisha kujisemea.

Lakini mama yuko wapi? Tangu mwishoni mwa miaka ya 1920 kampuni ilikuwa ikiwahimiza wafanyakazi kuishi kambini pamoja na wake zao. Kwa hiyo mgomo wa 1941 uliingia majikoni pia: ulipimwa kwa unga uliobaki, na kwa hofu ya mke aliyemsihi mumewe asitoke. Anayesihi hivyo hajalala, anajua gharama.

Wanafunzi wetu hawana budi kuyatafuta maneno hayo kwa wana na wajukuu wa wagomaji, kabla mama zetu nao hawajabaki picha zisizosema.