Ukimya wa Picha

Filamu nyingi za Nairobi hupenda kisa, na kisa hupenda mwizi. Nairobi Half Life ya mwaka 2012, kwa mfano, humfuata kijana mgeni mjini mpaka ndani ya genge. Ni filamu njema. Lakini wenyeji wa Eastlands, kuanzia Kaloleni hata Kayole, wana mambo mengi ambayo hayamo katika wizi. Yako yasiyosimulika, ila huonekana.

Kwa hayo iko filamu fupi isiyo na kisa. Huacha matukio, ikategemea nuru, kivuli na sauti. Msomaji, usiidharau. Mwaka 1929 Joris Ivens na Mannus Franken walitengeneza Regen, yaani Mvua, katika mji wa Amsterdam. Mvua za siku nyingi ziliunganishwa zikawa mvua moja: matone majini, miavuli barabarani, kisha anga kutakata. Hakuna aliyesema neno, wala hakuna aliyepunjwa, maana msemaji ni mvua.

Pumzi ya Wanuri Kahiu, ya mwaka 2009, ina kisa chembamba, lakini nguvu yake imo katika picha. Dunia imekauka, jasho hukusanywa lisafishwe, linywewe tena, watu huzungumza kwa mashine. Ukimya ule una sababu. Ni ukimya wa watu waliofungwa, nasi twauona uzito wake.

Sanaa hii yaweza kuifaa Eastlands. Yaweza kutuonyesha nguo zilizoanikwa kati ya nyumba za Kaloleni, mtaa uliojengwa katika miaka ya 1940, au kutusikilizisha mvua juu ya mabati ya Mathare. Lakini ina hatari yake. Moshi wa jaa la taka la Dandora hupendeza katika kamera, na mwokota chupa aliye ndani yake hugeuka kivuli kizuri. Mtu yule ana ulimi, ana jina, ana maoni juu ya moshi anaouvuta. Filamu ikimnyamazisha ili picha ipendeze, imemfanya pambo, na pambo halina haki.

Basi utazamapo filamu ya namna hii, usianze kwa kuuliza kisa chake. Uliza ni nani amenyamaza, na kwa nini. Jibu likiwamo katika picha zenyewe, isifu filamu hiyo. Lisipokuwamo, usikubali uzuri wake ukufumbe macho.