Kosa la Ulimi na Kinyago cha Lafudhi: Vioja Mahakamani na Vitimbi

Ni rahisi kuvishutumu vichekesho vifupi vya Vioja Mahakamani na Vitimbi, vilivyoanza katika enzi za Sauti ya Kenya (shirika lililogeuzwa KBC mwaka 1989), kwa kudai kwamba vinaharibu Kiswahili sanifu na kuyakejeli makabila. Dai hilo lina uzito, ila linavichukua vipindi viwili visivyofanana kana kwamba ni kimoja.

Katika Vioja Mahakamani, msuko umefungwa kizimbani. Mshtakiwa huingia na lafudhi ya lugha yake ya kwanza, akalielewa swali visivyo, akajibu lisiloulizwa. Hakimu na kiongozi wa mashtaka nao husema Kiswahili kilichonyooka. Hivyo kosa la ulimi hukaribiana mno na kosa la jinai, na usanifu hugeuka sauti ya dola. Udhaifu huo haufutiki hata pale mshtakiwa anapomlemea hakimu kwa ujanja wa maneno.

Vitimbi hakina hakimu. Katika kaya ya Mzee Ojwang na Mama Kayai kila mtu hukosea, na Ojwang huwatangulia wote. Benson Wanjau, aliyemwigiza Ojwang na kufariki Julai 2015, alikuwa Mkikuyu. Lafudhi ya Kijaluo iliyompa umaarufu ilikuwa kinyago, na kinyago huvaliwa kikavuliwa.

Uzito wa jambo hili hubainika zaidi likitazamwa kutoka mahali kama Mau Narok, kwenye nyanda za viazi na ngano za Nakuru, ambako Wakikuyu, Wakalenjin, Wamaasai na Waogiek huuziana kwa Kiswahili. Kikuyu hakina sauti /l/, hivyo anayekusudia “kula” aweza kusikika akisema “kura”. Kikalenjin nacho hakitenganishi /p/ na /b/ kifonimu, “bata” ikawa “pata”. Siku ya soko hayo ni mzaha tu. Lakini katika eneo lililopakana na mapigano ya Molo na Njoro ya mwaka 1992 na ya 2008, silabi moja hutosha kumweka mtu upande fulani kabla hajataja jina lake.

Mtazamaji wa huko aliyemcheka Ojwang aliamini kwamba amemtambua Mjaluo kwa sikio lake mwenyewe, kumbe amekosea. Kutoelewa huko, ambako hakukuandikwa katika mswada wowote, ndiko kichekesho bora kuliko vyote katika Vitimbi.